Kunguni

Mji huu ulinenepa kwa ua linaloua wadudu,
ndiyo maana tukajiita Kunguni.
Jina alilitoa Chelagat. Alikesha akijikuna
katika chumba cha kupanga kule Kaptembwo,
asubuhi akatujia macho mekundu, akasema:
Hawa hawafi.
Wanapuliziwa dawa, wanamwagiwa maji moto,
godoro linaanikwa juani mpaka linapauka,
na ikigonga saa nane usiku, wako kazini.

Tulikuwa wanne.
Chelagat, sauti, ikiwa ile ni sauti.
Muchemi, gitaa la nyuzi tano;
uzi wa sita ulikatikia kanisani, katikati ya pambio.
Shitsama, ngoma: ndoo mbili za rangi, sufuria,
na upatu mmoja wa kweli
alioazima Jeshi la Wokovu, Kakamega,
nao mpaka leo wanausubiri.
Mimi nilishika besi. Vidole vyangu vilijua mahali patatu,
vikazunguka hapo hapo
kama punda aliyefungwa kigingini.

Mazoezi yalikuwa ghalani, nyuma ya reli,
mlimokuwa mkihifadhiwa pareto iliyokaushwa
zamani, wakulima walipokuwa bado wanalipwa.
Vumbi la maua lilibaki kwenye mbao.
Shitsama akipiga, linashuka,
nasi tunakohoa, tukapata kukohoa kwa mdundo.
Chelagat akacheka: Mnaona?
Hata sisi dawa haituwezi.

Wimbo wetu mrefu kuliko zote ulichukua dakika moja na nusu.
Ulihusu bili ya maji katika nyumba isiyo na bomba.
Mfupi ulikuwa wa sekunde kumi na tisa,
jina lake Karani,
na maneno yake, yote, tangu mwanzo hadi mwisho:
NJOO KESHO.

Onyesho la kwanza, Bondeni: watu kumi na mmoja.
Watatu walikuwa wanajikinga mvua.
Mmoja alikuwa mwenye amplifaya,
aliyekaa akiitazama kama mzazi kwenye foleni ya chanjo.
La pili stima zilipotea. Tuliendelea.
Hakuna aliyetusikia isipokuwa ndoo.

La tatu lilikuwa kosa. Huko Njoro,
mchango wa kuezeka zahanati,
mwenyekiti aliomba vijana wa gitaa
akitaraji mugithi, watu washikane viuno wazunguke hema.
Tukapiga.
Kimya kilichofuata ungeweza kukiezekea mabati.
Mtoto akaanza kulia.
Ndipo akainuka mama mmoja, muuza viatu vya mitumba,
akafungua kitambaa cha kichwa, akakikunja, akampa jirani,
akaruka. Sisemi alicheza. Aliruka,
mara tatu, miguu pamoja, kwa nguvu,
kama mtu anayekanyaga kitu
alichokitafuta kitandani miaka mingi.
Kisha akaketi, akafunga kitambaa,
akatuma shilingi mia kwa mkono wa mtoto:
Rudieni ule wa karani.

Tuliurudia mara sita.

La nne sitalieleza.

Miezi saba, basi. Watu hupenda kusikia tuligombana.
Hatukugombana. Shitsama aliitwa kazini Olkaria,
kuchunga mvuke. Gitaa la Muchemi
likawa karo ya dada yake, muhula mmoja, bila sare.
Tulirekodi mara moja, kwa simu yangu,
na simu ilitumbukia chooni siku ya harusi ya binamu.
Kwa hiyo mtaniamini, au hamtaniamini.

Mwezi wa tatu nilikwenda ofisi ya maji.
Mita yangu inahesabu hata hewa.
Dirisha namba nne, Chelagat,
miwani, sweta ya kijivu, mhuri mkononi.
Alisoma fomu yangu pole pole, pande zote mbili.
Akanitazama.
Midomo yake ikatikisika kidogo.
Njoo kesho, akasema,
na chini ya kaunta nikasikia kisigino chake
kikigonga sakafu, haraka haraka,
sekunde kumi na tisa, nilihesabu,
huku foleni nyuma yangu ikinung'unika.

Nilirudi kesho yake.
Mita haijatengenezwa hadi leo.